Padri wa Testaccio na Koo la Radi

Kijiwe chetu ni benchi la nje ya mkahawa wa Ersilia, hapa Testaccio, mtaa wa Roma, upande wa jua. Siku ile mtaa ulikuwa unampa tuzo mjomba wangu Oreste, ambaye ameigiza mapadri wadogowadogo katika filamu nyingi mno, hadi yuko bibi aliyewahi kumfuata sokoni akitaka kuungama. Ila sauti mnayoisikia si yake. Huku picha hupigwa kwanza, sauti hutiwa baadaye, na ya Padri huitia Tullio, tunayemwita Radi, ambaye naye alikuwa benchini akikoroga sukari. Jioni mjomba alitakiwa apande jukwaani ashukuru. Hataki.

— Nikifungua mdomo tu watacheka, alisema mjomba kwa kisauti chake chembamba cha Bergamo, kule kaskazini. Wanamngoja Radi, wanapata kifaranga.

— Dawa ipo, alisema Nazzareno muuza nyama, yaani Kisu. Funga skafu shingoni. Umekaukiwa sauti, basi.

— Skafu mwezi wa saba, na joto hili, Kisu?

— Watu wa sinema nani anawauliza?

Radi akakohoa.

— Mimi nikae nyuma ya pazia, yeye achezeshe midomo. Miaka yote tumefanya hivyo na hajalalamika mtu.

— Mimi nalalamika, nikasema. Huo ni unyang'anyi. Mtu anachukuliwa uso, koo lake linafungiwa kabatini eti kwa sababu ya lafudhi ya kaskazini. Nani aliamua kwamba padri lazima angurume?

— Wakili kaanza, alisema Kisu. Binti, hapa si chuoni, hatupigi kura. Sikilizeni, tuseme amekufa. Marehemu tuzo yake hupokelewa na ndugu. Huyu mpwa apande, alie kidogo, ashuke nayo.

— Nikishakufa chakula cha usiku nitakula wapi? aliuliza mjomba.

— Kwangu usije, alisema Ersilia kutoka ndani. Maiti atanifukuzia wateja.

Tulikuwa bado tunacheka wakati mama mmoja mgeni, aliyesimama mlangoni na kikombe chake, alipomsogelea mjomba.

— Samahani, mzee wangu. Si wewe yule padri wa ile picha ya mwizi wa kengele? Pale mwizi anapolala kanisani, unamvua viatu vilivyolowa, unaviweka karibu na jiko. Nililia mpaka dada yangu akaona aibu kukaa na mimi. Hivi pale ulimwambia nini? Maneno yamenitoka.

Sote tukamgeukia Radi, maana maneno yote anayo yeye. Radi aliweka kijiko chini, midomo ikawa inakwenda bila sauti, kama anaipitia filamu nzima tangu mwanzo.

— Pale sikuitwa, alisema mwishowe.

— Hukuitwa vipi? aliuliza Kisu.

— Hakuna neno pale. Ni yeye na viatu tu.

Mama yule aliitikia kwa kichwa polepole, akamwangalia tena mjomba, akanywa kahawa yake.

Mjomba aliinuka, akamwomba Ersilia brashi ya kufuta vumbi kwenye koti.

— Inaanza saa ngapi? akauliza, kwa kisauti kilekile.

Mimi nilikuwa bado na hoja nzito kuhusu unyang'anyi. Sikuona pa kuipachika, nikamshikia koti.