Vipande Vilivyoharibiwa na Salamu

Mgeni wetu rasmi, yaani dada yetu mtengeneza filamu, mwenyekiti wa mtaa, majirani, nanyi watoto mliopanda ukutani, shukeni kwanza.

KARIBU
Karibu tena. Kiti tumekifuta, keti bila wasiwasi.

HISTORIA FUPI
Ukongwe wa mji huu umeueleza vizuri kwenye filamu: bandari, kuta nene, ngazi zilizolika katikati kwa nyayo. Hatuongezi. Nyayo hizo ni zetu. Sasa nyumba zinageuzwa za kulaza wageni, nasi tunahama mmoja mmoja.

MAFANIKIO
Filamu ni fupi na imependeza. Tuliitazama pamoja kwenye ukuta wa ghala. Mtoto mmoja akauliza, "Mama, watu wamekwenda wapi?" Tukacheka. Kisha tukaanza kuwahesabu waliohama.

CHANGAMOTO
Tuseme ukweli. Ulituomba tuanue nguo, tukaanua. Ulituomba tusiingie kwenye picha, hapo tukashindwa. Fundi cherehani wetu, Baba Kipimo, kila kamera ilipoelekea kibarazani kwake aliinua kichwa: "Hujambo, mwanangu? Umekunywa chai?"

Ukamwambia, "Mzee, jifanye hutuoni."

"Nisimwone mgeni mlangoni kwangu? Marehemu mama atafufuka anichape!"

Mkaanza upya. Akasalimu upya. Mwishowe mkamvizia alipokwenda kula, mkapiga picha ya kibaraza kitupu. Hicho ndicho kilichomo kwenye filamu, kizuri, kimetulia.

Siku hizi kiko hivyo asubuhi hadi jioni. Baba Kipimo tulimzika kabla ya mvua. Picha tuliyobaki nayo ni ya kitambulisho, amenuna, naye hakuwa mtu wa kununa. Mkewe ni huyu aliyeketi mbele. Anasema sura bado anayo. Sauti ndiyo inayoanza kumtoroka.

MAOMBI
Tulikuwa na maombi ya mitaro na taa. Hayo ni ya mwenyekiti, na asijifanye hasikii. Kwako tuna moja tu. Vile vipande vya filamu ambamo Baba Kipimo anasalimu, ulivyosema vimeharibika, tafadhali usivifute. Tuletee, tuvitazame kwenye ukuta uleule. Siku ile alisalimu na hakuna aliyemjibu, kwa kuwa mlikuwa kazini. Sisi tutamwitikia.

Mungu akuzidishie umri, kazi, na majirani wa kukuuliza kama umekunywa chai.

Ni sisi tuliobaki,
Majirani wa Uchochoro wa Cherehani.