Walikomtaka Iracilda Peçanha

Tunamsindikiza mama yetu, Iracilda Fontoura Peçanha, mtoto wa tatu wa mzee Belmiro, fundi viatu, na mama Otília. Alizaliwa hapa Guaxupé tarehe 14 Machi 1947.

Alisoma kwa masista hadi mwaka 1963. Walimpenda kwa usomaji wake. Aliposoma somo la Misa, hata watoto wachanga walinyamaza.

Mwaka 1970 alikwenda São Paulo kutafuta kazi ya kuigiza michezo ya redio. Jana kwenye mkesha dada yangu Neide alinisihi, "Dalmo, sema redio tu, uishie hapo. Padri atakuwepo!" Lakini mama alinikataza kusema hivyo, na uso unaniwaka ninaposoma. Redio hawakumchukua. Kwa miaka kumi na miwili aliingiza sauti katika filamu za watu wazima za Rua do Triunfo, mtaa wa watengeneza filamu huko São Paulo, vile vichekesho vya vitandani vilivyojaza majumba ya sinema nchi nzima. Warembo walichaguliwa kwa maumbo yao. Wakifungua mdomo, anayesema, kucheka na kuguna ni mama. Alifanya kazi hiyo huku akifuma soksi zetu za utotoni, mpaka fundi mitambo akalalamika: "Dada Ira, weka sindano chini bwana! Zinagongana, watu watadhani kitanda kimevunjika." Mimi mwanawe natamani ardhi ipasuke.

Tarehe 5 Mei 1979 alifunga ndoa na baba yetu, Osmar, mwokaji mikate. Walirudi hapa mwaka 1982. Akawa msomaji wa Misa na mtangazaji wa vifo kwenye kipaza sauti cha parokia. Wanaume walimsikiliza wameinamisha vichwa, wake zao wakadhani ni uchaji. Kwenye mchezo wa bingo wa sikukuu ya Mtakatifu Yohane mwaka 1991, marehemu Abílio wa duka la nyama, akiwa amekolea pombe, alipayuka: "Sauti hiyo naijua mimi! Ya filamu za uchi!" Mkewe akamuuliza taratibu, "Umeijulia wapi, mume wangu?" Wanaume wote wakaangalia karatasi zao za bingo. Hakuna aliyemtetea Abílio, wala aliyemtetea mama. Jumapili iliyofuata somo lilisomwa na mwingine.

Mwaka 2014 aligundulika kuwa na saratani ya koo, na upasuaji ukamwondolea sauti. Alituambia kwa kunong'ona: "Mkinizika msiseme redio. Redio hawakunitaka. Semeni walikonitaka." Alifariki nyumbani alfajiri ya tarehe 9 Juni 2016, Neide akiwa amemshika mkono.

Ameacha mume, watoto wawili na wajukuu watatu. Aibu bado ninayo, na kesho nitatembea nayo sokoni. Lakini tumesema, mama. Sasa lala kwa amani.