Miaka Thelathini na Mmoja Nyuma ya Kila Mtu

Mwenzetu tunayemwita Bwana Mkia anastaafu Ijumaa hii, tarehe thelathini, baada ya kuitumikia kampuni yetu ya safari za baiskeli mbugani kwa miaka thelathini na mmoja na miezi minne. Muda wote huo amekuwa wa mwisho. Hakuna aliyewahi kumwona akifika kambini wa kwanza, wa pili wala wa saba, na kila mwaka alipewa barua ya pongezi kwa hilo. Mkewe anasema hajui mtu mwingine duniani anayelipwa kwa kuchelewa.

Kwa wasiotufahamu, nieleze. Safari zetu huwa na wageni wanane hadi kumi, kila mmoja juu ya baiskeli yake, katikati ya nyasi, bila ukuta wala kioo kati yake na pundamilia. Mbele anakwenda kiongozi, ambaye kazi yake ni kujua njia, kusoma nyayo na kupigwa picha. Nyuma anakwenda mkia. Mkia ana kazi moja tu: nyuma yake asibaki mtu. Baiskeli ya mgeni ikipata pancha, mkia anasimama. Mgeni akitaka kujisaidia, mkia anasimama na kutazama upande mwingine kwa heshima, huku akiutazama upande huohuo kwa sababu ya simba. Si kazi ya kila mtu.

Mimi ni fundi wa baiskeli. Nimepewa kuandika haya kwa kuwa tumefanya kazi pamoja miaka kumi na tisa, na kwa kuwa kiongozi wa mbele, alipoulizwa habari za Bwana Mkia, alikiri kwamba hajawahi kumwona vizuri akiwa kazini. Meneja amenipa masharti mawili: habari isizidi ukurasa mmoja, na mbuni asitajwe. Ukurasa nitajitahidi.

Ila kwanza mjue kwamba sherehe hii nusura isiwepo. Wiki tatu zilizopita mzee alikuwa amegoma kustaafu. Fomu ilikaa mezani kwa meneja, kalamu juu yake, naye akipita mlangoni anaangalia dari. Alisema hatatia saini mpaka apatikane mtu wa kukaa nyuma. Daktari naye alisema goti lake la kulia limeshastaafu, halisubiri fomu. Meneja akakata shauri: kama hadi mwisho wa mwezi hakuna mkia mpya, baiskeli zote arobaini zitaingia stoo na wageni watapanda magari. Nawaombeni mfikirie hali yangu. Fundi wa baiskeli asiye na baiskeli ni mtu tu mwenye mikono michafu.

Lakini tuanze mwanzo. Aliletwa hapa kufyeka majani ya uwanja wa ofisi. Siku moja mkia wa wakati ule aliugua, meneja akatoka barazani akauliza nani anajua baiskeli, naye akanyoosha mkono. Hakusema uongo. Baiskeli alikuwa anazijua, alikuwa ameziona nyingi. Siku hiyo alianguka mara sita, akafika kambini saa nzima baada ya wageni, magoti yanavuja damu. Meneja wa wakati ule akadhani amefanya makusudi ili aangalie usalama wa wote, akamsifu mbele ya watu. Kesho yake akapewa kazi ya kudumu, na jioni akaanza kujifunza baiskeli.

Haya, mbuni. Ulikuwa mwaka wake wa tatu, nyasi zimefika kifuani, vumbi jingi, jua la asubuhi linawachoma machoni. Enzi hizo alikuwa anahesabu vichwa. Akaona vichwa kumi vikirukaruka juu ya nyasi, wageni ni kumi, akaridhika, akaanza kupiga mluzi. Baada ya nusu saa nyasi zikaisha, msafara ukatokea mahali peupe, na mgeni wa tisa akaonekana ana mabawa. Mbuni dume, mzima, anakimbia ndani ya mstari kwa nidhamu kuliko wateja wengi ninaowajua. Mgeni halisi, mama mmoja daktari wa meno, alikuwa ameachwa huko nyuma akimpiga picha kobe.

Bwana Mkia alirudi peke yake kumtafuta. Alimkuta ameketi juu ya kichuguu, twiga wanne wamemzunguka wakimtazama, na yule mama akamkaripia vikali, si kwa kumwacha bali kwa kuwafukuza twiga. Kila mtu alicheka isipokuwa yeye. Mkewe anasimulia kwamba mwezi mzima hakuweza kugusa chakula mpaka awahesabu watoto mezani, na watoto wenyewe ni wawili. Ofisi ilimwandikia onyo lenye sentensi moja: umemhesabu ndege kama mgeni. Barua hiyo imo kwenye faili lake hadi leo, na kila mfanyakazi mpya wa ofisini huonyeshwa siku ya kwanza kabla hata ya kuonyeshwa choo.

Tangu hapo aliachana na vichwa akahamia kwenye viatu. Asubuhi, wageni wakifunga kofia zao ngumu, utamwona ameinama kama aliyedondosha ufunguo. Anakariri: raba nyeupe, buti za kahawia, kandambili za mtu asiyesikia ushauri. Njiani anahesabu jozi. Kanuni yake ni kwamba mbuni havai viatu, na mpaka sasa hakuna aliyeweza kumpinga. Wageni humwandikia baada ya miaka mingi, naye hakumbuki jina wala sura. Mtajie viatu, atakuuliza kama mwenye viatu hivyo alipona mgongo.

Watu wanapenda kumuuliza habari za simba. Sheria ya mbugani ni kwamba ukikutana naye usikimbie. Mnasimama bega kwa bega, baiskeli zikiwa kati yenu naye. Mwaka mmoja simba jike alijilaza katikati ya njia, hatua thelathini tu. Mwalimu wa hesabu aliyekuwa msafarani akanong'ona, tutasimama hivi mpaka lini? Bwana Mkia akamjibu, mpaka mwenyewe achoke. Mwalimu akataka kujua simba huchoka baada ya muda gani, akaambiwa huyu hakuacha ratiba. Walisimama dakika arobaini. Simba akapiga miayo, akajinyoosha, akaenda zake. Kambini wote walimsifu kwa moyo wa chuma. Mimi ndiye niliyeipokea baiskeli yake, nikakuta mipira ya usukani imeminywa mpaka ikachanika. Niliibadilisha kimyakimya, na leo ndiyo mara ya kwanza ninasema.

Nisimpambe kupita kiasi lakini. Mtu huyu amelainisha minyororo yangu kwa mafuta ya kupikia. Ameziba tundu la tairi kwa plasta ya vidonda, na nilipofoka akaniuliza kama tairi limelalamika. Kengele ya baiskeli yake imekufa mara nne, kwa sababu anawapigia ngiri ili wapishe njia, na ngiri hawana habari. Nimemnunia sana huyu mzee. Siku ukinisikia nacheka peke yangu karakana, ujue nimemkumbuka yeye.

Turudi kwenye mgomo. Meneja alimletea warithi, naye akawapima kwa njia yake: mrithi anakaa nyuma kabisa, Bwana Mkia anakwenda mbele yake kidogo, halafu wakipita bwawa la pili mzee anajichomoa kimyakimya, anajificha nyuma ya kichuguu na kusubiri aone kama atatafutwa.

Wa kwanza alikuwa dereva wa gari la mizigo, kijana wa miraba minne. Alikanyaga pedeli kwa ari hadi akampita kiongozi wa mbele. Alifika kambini, akaoga, akala, kisha akauliza mzee yuko wapi ampe mkono. Wa pili alikuwa mlinzi wetu wa getini, mtu makini, anayejua wanyama wote kwa harufu. Yeye aligundua baada ya saa moja, na ni kwa sababu chupa ya chai ilikuwa kwa mzee. Wa tatu ni shemeji yake meneja, na kwa kuwa napenda kazi yangu, sitasema alipatikana wapi.

Zilibaki siku nne. Nilikuwa nimeshaanza kupaka grisi baiskeli za kulazwa stoo, na sioni aibu kusema kwamba nilikuwa nazipaka huku machozi yananilenga. Ndipo dada wa mapokezi akaja karakana akaomba baiskeli. Ana miaka tisa nyuma ya ile kaunta, na hakuna aliyewahi kumfikiria. Anaendesha taratibu mno, na anaongea na kila mtu. Meneja alitabasamu tu. Mzee alisema haya, na aje. Siku hiyo nami nilipanda baiskeli, jambo ambalo sisi mafundi hatulipendi, kwa sababu nilitaka kuona kwa macho yangu riziki yangu ikienda.

Tulipopita bwawa la pili, mzee akapunguza mwendo. Dada naye akapunguza. Mzee akasimama, akasema anafunga kamba za viatu. Dada akashusha mguu chini, akangoja. Mzee akamwambia atangulie tu, atamkuta. Dada akasema hapana. Mzee akafungua valvu ya tairi lake mwenyewe, upepo wote ukatoka, jambo ambalo bado sijamsamehe. Dada akamletea pampu. Mzee akasema goti limekaza, anahitaji kupumzika kidogo, peke yake. Dada akakaa chini nyasini, akasema apumzike tu, yeye hana haraka. Ikabidi mzee atumie ukubwa: akamkumbusha kwamba yeye ni mkubwa wake kwa umri na kwa kazi, na anamwamuru aende. Sisi wengine tulikuwa tumesimama mbele kidogo, wageni wanane na fundi mmoja. Dada wa mapokezi alisimama, akakung'uta sketi, akasema kwa adabu zote:

"Shikamoo, baba. Lakini wa mwisho leo ni mimi. Panda baiskeli."

Mzee alimtazama, akatazama viatu vyake, akapanda. Kutoka pale hadi kambini ni kilomita tisa. Mara mbili aligeuza shingo, akakuta yupo. Mara ya tatu hakugeuka tena. Nyumbu walikuwa wengi upande wa kushoto, wamejaa mpaka upeo wa macho, naye akawa anawatazama, kichwa juu, mdomo wazi, kama mgeni wa siku ya kwanza. Kambini aliniambia kwamba miaka thelathini na mmoja amewapita wale nyumbu, na siku zote alikuwa anatazama viatu.

Kisha akaomba kalamu. Fomu alikuwa nayo mfukoni, tangu lini sijui. Aliitia saini juu ya tandiko la baiskeli, na hiyo alama ya grisi pembeni ni kidole changu, meneja asiulize.

Kwa niaba ya wafanyakazi wote, tunamshukuru kwa kila mtu aliyerudi nyumbani kwao salama bila kujua kwamba alikuwa anahesabiwa. Tunamshukuru mama wa nyumbani kwake kwa kumvumilia, na tunamwombea mzee afya, mapumziko na goti lenye utii. Kesho asubuhi tuna safari ya wageni tisa, na wa kumi ni yeye: amealikwa, na amekubali. Baiskeli yake nimeiandaa mwenyewe, mnyororo una mafuta halali.

Endesha taratibu, mzee wetu, na utazame unachotaka. Nyuma yako kuna mtu.