Mchele wa Matanga na Jalada la Tito

Mheshimiwa Mwenyekiti wa Umoja wetu, Mzee Mwita. Sheikh na Mchungaji wetu. Mgeni wetu wa heshima, Wakili Ameena. Ndugu zangu mliotoka Berea, Clairwood na hapa Glenwood: habari za mchana.

Mimi ni Scola, mke wa Gadiel tangu Jumamosi iliyopita. Chekeni tu. Kusema "mume wangu" bado kunanipa raha, na leo nitasema mpaka mchoke. Lakini tumekuja kumuaga wakili wetu anayehamia Cape Town, na mume wangu ameniomba nieleze alichotufanyia.

Wengi mlimjua Tito, kaka yake Gadiel, dereva wa lori. Alikutwa amekufa katika uwanja wa ghala moja kule Clairwood. Polisi wa kituo cha pale walisema alianguka kutoka kwenye lori. Mikono yake ilikuwa na alama za kamba. Mtu akianguka, nani humfunga kamba?

Mwenye ghala alikuja matangani na magunia mawili ya mchele. Tulimpokea, tukamshukuru mbele ya watu, tukapika, tukala naye. Nani hapa amewahi kumfukuza mtu msibani? Gadiel alipokwenda kituoni kuuliza jalada la kesi ya Tito limefika wapi, mpelelezi alimjibu, "Si mlikula mchele wake? Mmeshaelewana. Nenda nyumbani."

Gadiel akaniambia, "Scola, nakupenda, lakini sivai suti ya harusi huku jalada la kaka limelala pale." Eish! Nililia, kisha nikampenda zaidi.

Ndipo Ameena akaja kuketi jikoni kwetu. "Dada Scola, nieleze matanga yote, mpaka nani alipakua." Akafungua shauri kuomba kituo kile kinyang'anywe jalada. Mahakamani Jaji aliuliza: kama familia ilimshuku mwenye ghala, kwa nini ilikula chakula chake? Ameena akajibu, "Mheshimiwa, walipokea pole. Suluhu hakuna aliyeipokea." Mahakama ikaamuru jalada litolewe kituoni, likabidhiwe wapelelezi wa taifa kutoka Pretoria.

Ndugu zangu, amri hiyo si hukumu. Wapelelezi wanafika Clairwood wiki ijayo, na wanawatafuta walioona yaliyompata Tito. Mpo humu ukumbini. Mliniambia mimi kule matangani, huku tunamenya vitunguu. Je, hamwezi kuwaambia wao? Mimi na mume wangu tutawasindikiza.

Asubuhi ya harusi, gari la ghala lile lilisimama getini na gunia jingine la mchele. Shangazi Kidawa akasema, "Pokeeni, ni zawadi." Gadiel, na suti yake mpya, alilibeba begani akalirudisha garini. Gunia lilimwachia vumbi jeupe begani, na vumbi hilo limeonekana katika kila picha. Mpiga picha alitaka kulifuta. Nilimkatalia.

Wakili Ameena, picha moja ni yako. Iweke ukutani huko uendako. Ndugu zangu, nashukuru mmemsikiliza bibi harusi mwenye maneno mengi. Wiki ijayo, sasa, ni zamu yenu kusema.