Kundi la Pili: Maisha ya Kasmiri Jonasi Nandonde

Jumanne tarehe 10 Februari 2026, saa nane na dakika kumi na saba mchana, moyo wa kaka yangu Kasmiri Jonasi Nandonde ulisimama akiwa anapalilia ufuta shambani kwake Chinongwe, wilayani Ruangwa, na dakika hiyo hatukuambiwa na mtu aliyekuwa karibu naye, maana alikuwa peke yake, tuliletewa na kampuni iliyokuwa ikimpima.

Marehemu alizaliwa tarehe 3 Mei 1971 Chiola, wilaya ya Nachingwea, mtoto wa pili wa marehemu Mzee Jonasi na Mama Brigita, ambaye yupo hapa mbele yetu, na mimi ninayesoma, Titus, ndiye niliyemfuata. Alisoma shule ya msingi hapohapo Chiola kuanzia 1980 hadi 1986, hakuchaguliwa kuendelea, akalima na baba hadi 1994 alipohamia Ruangwa kupima kwa mizani katika ghala la korosho, kazi aliyoifanya miaka thelathini na moja, na wakulima mlio hapa mnajua kwamba hakuwahi kumpunja mtu hata kilo moja.

Tarehe 14 Oktoba 1995 alifunga ndoa takatifu na Gaudensia, wakajaliwa watoto wawili, Valentina na Beatrisi, na mjukuu mmoja.

Mwaka 2021 aligundulika kuwa na ugonjwa wa moyo, akahudhuria kliniki kila mwezi bila kukosa, mpaka Juni 2025 kampuni moja ya teknolojia kutoka Dar es Salaam ilipokuja ofisi ya kata. Mtaalamu wao, ndugu Anuari, alitueleza kwamba programu za simu wanazouza leo hazitawalisha miaka kumi ijayo, kwa hiyo wana mkakati wa kutafiti biashara za baadaye, na mojawapo ni bangili inayotambua moyo unapoanza kwenda vibaya, mwenyewe akiwa bado hajasikia kitu. Wagonjwa arobaini walivalishwa. Kundi la kwanza wangepigiwa simu hatari ikionekana, kundi la pili wangepimwa tu, ili mwishowe ijulikane simu inaokoa wangapi. Hilo la makundi halikusemwa mkutanoni, liliandikwa ukurasa wa nne wa fomu ya kukubali, na kaka alioneshwa ukurasa wa kutia sahihi tu.

Akaacha kliniki. Gaudensia alipomsihi, alikuwa anainua mkono na kumwambia, "Mama Valentina, hawa wananiona hata nikipiga chafya, nikapange foleni ya nini?" na sisi tulicheka naye, Mungu atusamehe. Januari simu ya jirani yetu Zuhra, aliyevalishwa bangili pamoja naye, iliita, akakimbizwa hospitali, akapona, na kaka alifurahi sana, akasema mmeona, inafanya kazi.

Tarehe 2 Februari moyo wa marehemu ulianza kwenda vibaya, na kwa siku nane kampuni iliuona. Nilipompigia ndugu Anuari kumuuliza kwa nini hakusema, alinijibu kwa upole, "Pole sana mzee wangu, lakini ningempigia mtu wa kundi la pili, utafiti wote ungeharibika." Akaongeza kwamba kumbukumbu za kaka zimekamilika kuliko za wote, na kwamba kutokana nazo wakubwa wake wameamua biashara hiyo ianze. Akaomba bangili irudi kabla ya mazishi. Tuliivua, tukaiosha, tukairudisha.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliompokea akiwa ameshatutoka na bado wakahangaika naye, majirani wa Chinongwe waliombeba kutoka shambani, wenzake wa ghalani waliochimba kaburi, paroko wetu na wanakwaya. Zuhra, dada yetu, usiinamishe kichwa, wewe hukuchagua kundi. Kampuni imeleta shada la maua, tumelipokea.

Kaka, lala kwa amani. Ee Mwenyezi Mungu, wewe nawe uliuona moyo wa mtumishi wako siku zile nane ukanyamaza, nasi hatukuulizi, tunakuomba tu umpokee, umpumzishe, na ututunzie imani tuliyokuja nayo hapa leo. Amina.