Kutu kwenye Deilili za Hadiya

Wa kwanza kumwambia Hadiya, muuza maua ya vyungu kando ya barabara, alikuwa Maryanne, mteja wake wa Milimani. Alipangusa jani la ua la deilili kwa tishu nyeupe, ikatoka na vumbi la rangi ya machungwa. “Hii ni kutu, mama. Vyungu thelathini vya harusi siwezi kuvichukua hivi. Nitarudi Ijumaa.”  Hadiya akavuka barabara, mtoto mgongoni, hadi benchi la kahawa la Mukhtar, ambapo Badru msukuma mkokoteni, aitwaye Waziri, na Amolo, aitwaye Mahakama kwa kupenda kushtaki watu, huiendesha Kisumu nzima kwa mdomo.

— Kutu ni ya mabati, bana! Waziri alifoka. Ua litapataje kutu?

— Anataka bei ishuke, Mahakama alisema. Mimi ningemshtaki leo leo!

— Bei hata hakuitaja, Hadiya alisema kwa sauti ndogo.

— Si ndio ujanja wenyewe!

— Ni hawa wanaochimba barabara, Waziri alisema. Vumbi lao hilo.

— Nililifuta jana, Mzee. Leo limerudi.

— Basi limetumwa! Watu wa maua wa Nairobi hao. Juzi niliona droni ikipita juu ya ufuo wa Dunga, inanyunyiza!

— Omera, ndugu yangu, ile ilikuwa inapiga picha za harusi, Mahakama alisema.

— Harusi! Si unaona? Ni huyo huyo mama!

Seline, mkulima wa mpunga kutoka Ahero, alikuwa ameketi pembeni akinywa kahawa yake. Sasa akageuka.

— Dada, kutu ya majani ni ugonjwa, huambukiza. Kama uliyakata yenye madoa, uliyapeleka wapi?

Hadiya alimtazama Waziri. Mahakama naye akamtazama Waziri. Wiki iliyopita, kwenye benchi hilo hilo, ni Waziri aliyemwambia ayatandaze kwenye vyungu vya maua mazima ili udongo usikauke.

— Mukhtar, Waziri alisema, ongeza kahawa.

— Imeisha.

Kesho yake alfajiri, Hadiya aliyaokota majani yote, akakata mengine yenye madoa, akatenganisha vyungu ili vipate hewa, na kumwagilia maji kwenye udongo tu. Waziri alipopita, Hadiya alimpa gunia la majani hayo.

— Kayachome, Mzee. Mbali na hapa.

Kisha, bila kungoja Ijumaa, akampigia Maryanne.

— Vyungu vizuri ni kumi na tisa tu, dada. Vile vingine vinaumwa, siviuzi.

Akakata simu, akaanza kuvipanga vile kumi na tisa kando.