Etiye Asegedech na Vikombe Sita vya Ghorofa ya Nne

Baada ya miaka thelathini na mmoja katika Studio ya Filamu ya Wanza, hapa Addis Ababa, Bi. Asegedech Tilahun, mtunza vifaa wetu, anastaafu rasmi tarehe 30 Sene, mwezi wa kumi wa kalenda yetu ya Ethiopia. Sote humwita Etiye, yaani dada mkubwa kwa heshima, na hata mkurugenzi wa studio humwogopa kidogo.

Alianza kwa kupiga pasi mavazi, akapanda hadi kushika funguo za stoo. Mwigizaji mmoja aliyecheza mfalme aliwahi kuondoka na taji. Etiye alimfuata kwa miguu hadi mtaa wa Piassa akamvua taji hilo mbele ya mchumba wake.

Lakini fahari yetu kubwa ni filamu ya mwongozaji wetu Surafel, dakika kumi na moja bila neno hata moja: mjane wa ghorofa ya nne anachoma kahawa, anakunywa peke yake, kamera haisogei. Nyumba tuliazimwa asubuhi moja tu. Tulikwisha kurudisha funguo ndipo Surafel akaona kwenye picha kwamba Etiye alipanga vikombe sita.

Alikwenda moja kwa moja kwa mkurugenzi kudai Etiye afukuzwe kazi. Etiye akaitwa, nami nilikuwepo.

"Mjane wangu hana mtu, Etiye! Umeniharibia filamu! Vikombe vyote hivyo vya nani?"

"Vya majirani."

"Majirani gani? Hawaji!"

"Wasipokuja ndiyo nisiwapangie? Mwanangu, mimi kwangu hupanga hivyo kila Jumamosi. Kahawa ikipoa naviosha, navirudisha kabatini."

Nyumba ya Etiye ya mtaa wa Kazanchis ilibomolewa, majirani aliokunywa nao kahawa wakatawanyika, akahamishiwa kwenye maghorofa ya Jemo, na kwa miaka sita hakuna hata mmoja wetu aliyeuliza anaishi na nani. Niliona aibu, na bado ninaiona.

Surafel aliomba radhi palepale, na hakukata hata sekunde moja. Filamu hiyo imeonyeshwa katika miji tisa, na kote watu hulia wakiviona vile vikombe. Jina la Etiye linatangulia la mwongozaji, kwa amri ya mwongozaji mwenyewe.

Etiye, ahsante kwa kazi, kwa ukali wako, na kwa kutufumbua macho. Tunakutakia maisha mema na hodi nyingi mlangoni. Ya kwanza ni Jumamosi hii: tunapanda ngazi sote hadi kwako, na Surafel ndiye mbeba mkate.

Mulualem Desta, fundi sauti